Jina la Řehoř Mdomoni Mwangu

Jumatano, 1 Novemba 1972

Ndugu Zoubek wa studio ameniita ofisini. Kahawa, tabasamu, karatasi moja. Mistari mitano tu, anasema. Nisome redioni kwamba mimi, Vilma, mwigizaji, nalaani alichofanya marehemu mume wangu — kupiga picha vifaru vya Warusi hapa Praha mwaka wa sitini na nane, na kuuvusha mkanda mpakani hadi Viena, kwa watu wa Magharibi.

"Marehemu haumwi na kitu, ndugu Vilma," akasema. "Wewe ndiye bado unakula."

Nisiposoma, filamu niliyocheza kiangazi haitaonyeshwa. Wala hakutakuwa na nyingine. Amenipa wiki moja.

Nilipofika nyumbani nilikuwa nimevaa glavu moja tu. Sijui nyingine niliiacha wapi.

Alhamisi, 2 Novemba

Siku ya wafu. Makaburi yamejaa watu na mishumaa. Nimepangusa majani kwenye jiwe la Řehoř. Miezi minane sasa. Mwanamume mwenye kofia ya kijivu alisimama safu mbili nyuma yangu, hana ua, hana mshumaa. Labda naye ana mtu wake pale. Labda. Sikusali kwa sauti.

Miaka kumi na minane ya ndoa, na sikuweza kulitaja jina lake. Sisi Waslovakia hatuna ile r ya Wacheki inayokwaruza kama msumeno, na yeye alikuwa nazo mbili, mwanzoni na mwishoni. Mimi nilisema Rehor.

"Huyo Rehor ni nani?" alikuwa akiniuliza, mdomo umejaa keki. "Yule bwana wako wa kwenu Levoča?"

Jumatatu, 6 Novemba

Bohunka amekuja. Ndiye aliyekuwa sauti yangu zamani, nilipotoka Slovakia na Kicheki changu kibovu. Filamu sita — uso wangu, koo lake. Hadi leo watu dukani hunisikia nikiagiza siagi wakageuka kunitazama: uso wanaujua, sauti si ile ya kwenye filamu.

"Mwenzangu, studio wameniita," akasema. "Hawasemi kwa nini. Na binti yangu ndiyo kwanza anaomba nafasi ya udaktari."

"Labda wanataka unenepe kwa niaba yangu."

Hakucheka. Aliitazama simu, akaifunika kwa mto. Tukaongea habari za kabichi.

Jumatano, 8 Novemba

Niandike ukweli: leo nilikwenda redioni kusoma. Hofu ndiyo iliyonivika koti na kunipandisha tramu. Mstari wa kwanza ukapita. Wa pili ulikuwa na jina. Rehor Matoušek.

"Řehoř," fundi wa sauti akasema nyuma ya kioo, kwa upole.

"Rehor."

Mara kumi na moja. Zoubek akaingia, masikio mekundu. "Unatuchezea? Watu watacheka. Watadhani tunamlaani Mslovakia fulani."

"Ndugu, ndivyo nilivyomwita siku zote."

Ni kweli. Ila hata mimi sijui kama ulimi ulishindwa au ulikataa.

Kisha Zoubek akatulia ghafla. Utulivu ule ndio ulionitisha.

"Nenda ukapumzike," akasema. "Taifa zima linaijua sauti yako. Si lazima itoke kwako."

Alhamisi, 9 Novemba

Nimempigia Bohunka mara tatu. Hapokei.

Ijumaa, 10 Novemba

Asubuhi katibu wa Zoubek amepiga simu. Nisikilize taarifa ya saa sita mchana.

Saa sita kasorobo kengele ya mlango ikalia. Nilidhani wamekuja kunichukua. Kumbe Bohunka. Hakuvua kofia, hakuvua viatu, yeye ambaye hunigombeza nikikanyaga sakafu yake na soksi chafu. Kapita moja kwa moja jikoni, anaosha vikombe ambavyo ni safi.

"Umeisoma ile karatasi?" nikamuuliza.

"Izime redio, Vilma."

"Wamemgusa binti yako?"

"Nimekwambia uizime."

Naandika nimesimama, daftari juu ya redio. Ina joto. Mkono uko karibu na kitufe, haujakibonyeza. Mtangazaji yuko kwenye mavuno ya viazisukari. Sasa anakohoa kidogo. Anageuza karatasi.

Jikoni Bohunka amefungulia bomba hadi mwisho.