Jina Ulilolipigia Chafya

Kericho, 12 Februari 2023

Kogo, nyanya yangu mpendwa,

Chamge. Natumaini barua hii inakukuta mzima, na magoti yamekubali kushuka mpaka mtoni. Mimi sijambo, ila vidole vimepasuka kwa baridi. Nakuandikia kwa sababu kwenye simu husikii. Nikiuliza habari za kanisa unanijibu habari za ng'ombe.

Kogo, kuna nafasi ya kazi. Kampuni imeleta mashine za kuchuma majani, zile za kubebwa na watu wawili, na inatafuta nyapara wa kuzisimamia. Mimi nimesimamia wachumaji wa mkono tangu mama alipofariki, na siku za majaribio niliibeba mashine yenyewe mpaka wanaume wakanuna. Sasa wanawake wengi watarudishwa nyumbani. Nisipopata unyapara, nami nitafuata njia hiyo.

Bwana Kiplangat wa ofisini aliniita pembeni. Ananitakia mema, sidhani ni mtu mbaya. Akasema, "Nelvine, kuwa mwanamke tu ni shida tayari. Sasa uwe mwanamke na tena uwe Ombati, hiyo wakubwa watakataa. Wanataka mtu wa hapa. Si mama yako alikuwa wa hapa? Andika Chepkemboi, ulete mzee mmoja wa kwenu aseme hivyo kwa chifu."

Mzee huyo ni wewe. Njoo siku moja tu, useme mimi ni Chepkemboi, na jina la baba tuliache. Baba mwenyewe amelala Kisii, hatadai.

Mume wangu Vinny anakusalimu.

Mjukuu wako,
Nelvine

Mulot, 3 Machi 2023

Mjukuu wangu Nelvine,

Chamge mising. Magoti yanalalamika lakini yananibeba. Yule ng'ombe mweupe amezaa ndama jike, na hiyo ndiyo habari ya ng'ombe uliyokuwa huitaki. Vumilia mwandiko wangu. Herufi nilizijua nikiwa tayari na wajukuu.

Habari yako ya majani imenirudisha kwa marehemu Moraa, nyanya yako aliyemzaa baba yako. Nilichuma naye mistari inayopakana kabla baba yako na mama yako hawajaonana. Asubuhi ukungu ulikuwa mzito, humwoni mwenzako, unasikia tu vidole vyake vikikata majani. Kila mchumaji alikuwa na fimbo ya kulaza juu ya michai, aone yaliyozidi kimo. Yangu ilivunjika. Moraa akaikata yake katikati akanipa nusu, tukachuma na vifimbo vyetu vifupi huku wenzetu wanatucheka.

Kisha nyapara akasema Wakisii wachume ng'ambo ya barabara na Wakipsigis upande huu, ati ndiyo amani. Basi tukawa tunachuma mbio ili tukutane mwisho wa mstari. Tuliketi barabarani, yeye na ndizi zake za kuchemsha, mimi na mursik yangu, maziwa ya kugandishwa, kwenye kibuyu, tukagawana. Nyapara hakuweza kutufukuza, maana barabara haikuwa ya kampuni.

Naitamani barabara ile, Nelvine. Siku hizi nikinywa mursik peke yangu naiona kama imepungukiwa na kitu.

Sisi hatukuwahi kuuwaza unyapara. Wewe umeuwaza, na nimefurahi sana. Hilo la chifu bado nalifikiria.

Kogo wako

Kericho, 20 Machi 2023

Kogo,

Chamge. Natumaini wewe na ndama mko salama.

Barua yako nimeisoma, na mimi pia nimempenda Moraa. Lakini nilikuomba neno moja na umenipa ndizi na mursik. Usaili ni mwezi ujao. Kimutai, kijana ambaye nilimfundisha mimi jinsi ya kuchuma, tayari wamempeleka kusomea mashine. Sisi wanawake tumeambiwa mashine ni nzito. Vikapu tulivyobeba miaka yote havikuwa vizito?

Ninyi mlikaa barabarani mkala, mkacheka, ikaisha. Mimi nataka kuvuka, Kogo. Kama njia ya kuvuka ni kuliacha jina, nitaliacha. Ombati lilinipa nini? Ule mwaka wa vurugu baba alipanda lori kuelekea Sotik akavuka kwao, nami nikabaki nikiitwa mtoto wa maadui shuleni. Hata Moraa aliondoka.

Niambie utakuja au hutakuja.

Nelvine

Mulot, 29 Machi 2023

Mjukuu wangu,

Chamge. Hasira yako nimeipokea na sijaichukia. Mimi ni mzima.

Nitakuja. Chifu akiniuliza kama wewe ni Chepkemboi, nitasema ndiyo, kwa kuwa ni kweli. Lakini kwanza ujue hilo jina ni la nini.

Mama yako alikuja kujifungulia kwangu. Ulifika giza limeshaingia, ndipo tukakuita Chepkemboi. Hilo ni jina la saa tu. Baadaye wanawake walikaa kukuitia majina ya watu wetu waliotangulia, ili mtoto apige chafya pale atakapotajwa mtu aliyerudi ndani yake. Mchungaji hakupenda, lakini mchungaji hakuwa amezaa.

Tulimwita mama yangu, ukanyamaza. Tukawaita shangazi zangu mmoja mmoja, kimya. Tukakunusisha ugoro kidogo, ukakunja uso tu kama unayedharau. Moraa alikuwa ameketi mlangoni. Walimwambia akae pale, kwa kuwa si wa kwetu, na asiseme neno. Mimi nilisikia wakimwambia nikaona haya. Basi tulipochoka, akamtaja mama yake, taratibu, kama anayejisemesha: Kemunto.

Ukapiga chafya mpaka ukajishtua ukalia.

Mmoja wao akasema, "Hapana, hiyo ni ya ugoro. Tuite wetu tena." Nikasema hatuiti tena, mtoto ameshajibu. Nikamshika Moraa mkono nikamwingiza ndani, akakubeba.

Kwa hiyo umeuliza Ombati lilikupa nini. Lilikupa Kemunto, na wewe mwenyewe ndiye uliyemchagua. Hata hivyo tumbo la kulisha ni lako na kazi ni yako. Sema siku, nitapanda gari nije, na sitakulaumu, leo wala kesho.

Kogo wako

Kericho, 6 Agosti 2023

Kogo wangu,

Chamge. Nisamehe kwa kimya. Ni mzima wewe? Ndama amekua?

Sikukuita kwa chifu. Niliingia usaili peke yangu, na waliponiuliza jina nikasema Nelvine Kemunto Ombati. Bwana Kiplangat akaangalia chini. Hawakuniuliza lolote kuhusu mashine. Waliuliza kwetu hasa ni wapi, na kama nina mpango wa kuzaa, maana nyapara hawezi kuwa mtu wa kuomba likizo. Nikasema kwetu ni ng'ambo zote mbili za barabara. La kuzaa nikakataa kulijibu.

Nafasi alipewa Kimutai. Mimi niliachishwa kazi mwezi wa sita pamoja na wengine. Nililia, Kogo, sitakudanganya. Kisha mimi na Wacuka, aliyekuwa akipima majani, tuliwakusanya wenzetu tukaenda kwa afisa wa kazi hapa mjini. Kesi imesikizwa mara moja na itasikizwa tena. Sijui kama tutashinda. Nimeitwa mbele ya watu kwa jina langu lote na sikuinamisha kichwa.

Kuna habari nyingine. Lile swali la kuzaa limepata jibu lake. Nina mimba. Vinny amekubali nije nijifungulie kwako, mtoto aitiwe majina vile mlivyoniitia mimi. Lakini nakuomba uwaite waliotangulia wa pande zote, na asiwepo mtu wa kukalishwa mlangoni.

Mjukuu wako,
Kemunto

Mulot, 15 Agosti 2023

Kemunto,

Chamge mising sana. Barua yako nimeisoma mara nyingi, hata ng'ombe wameijua.

Njoo mapema, kabla barabara haijaharibika kwa mvua. Mursik nimeanza kutayarisha, na mkungu wa ndizi nimeagiza kutoka Sotik. Ugoro ninao. Wanawake nimeshawaambia, na aliyenuna nimemwambia abaki kwake.

Tutaanza na Moraa.

Kogo wako