Picha Niliyoikana Mbele ya Kikundi cha Maombi

Jumamosi, mjini Hopkins, huku ughaibuni. Theluji inayeyuka, matope hadi mlangoni, na mimi sina uso wa kumtazama mtu.

Leo ilikuwa zamu yangu kupokea kikundi cha maombi, akina mama wa kanisa letu la Wakongomani. Nilipika sombe, majani ya muhogo, nikapanga viti, nikasahau kitu kimoja ukutani: picha aliyonichora Mzee Rémi.

Mzee Rémi alikuwa Mfaransa. Nilimtunza nyumbani kwake miaka minne, nikimwogesha na kumlisha, hadi alipofariki mwezi uliopita. Ujanani huko kwao alichora, alicheza dansi, alitengeneza vikaragosi vya masufuria mabovu, akatunga mashairi ya kelele tupu. Walimcheka. Siku hizi anasomwa vyuoni, na jumba la sanaa hapa mjini linamwandalia maonyesho. Kwangu alikuwa mzee mkorofi aliyenichekesha hata nikiwa nimechoka hoi.

Alinichora. Mwanamke wa bluu, mikono mitatu: mmoja wa kumwogesha, mmoja wa kupika, mmoja wa kushika simu nikiongea na mama yangu kule Uvira kwetu. Hakuna mtu aliyewahi kuniona vizuri hivyo.

Mama Pasta aliiona kabla hajakaa. "Mama Furaha, huyu ni nani? Mikono tatu! Hii ni ya shetani, ondosha mu nyumba!"

Nikajibu, "Sijui, Mama. Ni kitu ya ku kazi, walinipa tu."

Sijui!

Wakaizunguka, wakaikemea, wakaipaka mafuta ya upako. Mimi ndiye niliyeitikia Amina kwa sauti kuliko wote. Furaha, binti yangu, alisimama jikoni akinitazama. Anajua aliye pichani ni mimi. Yeye ndiye aliyepigilia msumari.

Walipoondoka niliiteremsha picha, nikayafuta mafuta, na rangi kidogo ikatoka nayo. Nikalia. Sikuogopa mapepo hata kidogo. Niliogopa wasinialike tena.

Jioni binti wa mzee akapiga simu, akaniomba niseme machache kwenye maonyesho, maana uzeeni hakuna aliyemjua kuliko mimi. Nikamwambia nitakuwa kazini. Siku hiyo sina kazi.

Kesho Mama Pasta atanipitia twende kanisani, na huwa anaingia kunisubiri. Picha nimeirudisha mahali pake. Nimekuwa nikijizoeza peke yangu sebuleni: huyu ni mimi, alinichora mzee niliyempenda, na jana nilimkana.

Kila nikifika neno la mwisho, narudi kuanza upya.