Mama Kaniombea Nyuzi Mbili

Shangazi Kuei-hsiang, nakuandikia nikiwa nimejificha kwenye chumba cha kupimia macho, hapa dukani kwetu tunakouza miwani, mteja anadhani natafuta lenzi zake, na nakusihi unishike mkono kwa sababu sijui nicheke au nilie, vyote viwili vimenijia kwa mpigo.

Mimi ni msichana wa hapa hapa Tainan, niite Yi-chun, nina mpenzi wangu Pei-shan, mwalimu wa kuogelea, mabega yake Shangazi acha tu, tunaishi pamoja kwa mama yangu na mama anampenda, kila asubuhi humwekea bakuli la uji wa samaki, mwatiko, lenye minofu mingi kuliko langu mimi niliyetoka tumboni mwake, kwa hiyo shida si hapo, mambo ya mwanamke kumpenda mwanamke nyumbani kwetu yalishaisha, mama alilia wiki moja kisha akauliza kama Pei-shan anakula pilipili.

Shida imeanza na kusoma. Kuna duka la vitabu juu ya mgahawa wa chai, Jumamosi mchana tunakutana pale wanawake kadhaa, tunasomeana kwa zamu maandishi ya watu wa namna yetu, kuna bibi aliyeishi maisha yake yote na "rafiki" yake na hakuna aliyeuliza kitu, kuna mtu asiyejiona mwanamume wala mwanamke, na siku hiyo zamu yangu ikaangukia kwa mwanamke anayependa jinsia zote mbili, nikaanza kusoma kwa madaha kabisa mpaka nikafika anaposema watu walimwona nusu huku nusu kule ilhali yeye siku zote alijiona mzima, sauti ikakatika hapo hapo. Maana niliwahi kuwa na Cheng-han, yule kijana wa duka la tairi, wakati tuko chuoni, na nilimpenda, sikuwa naigiza, moyo ulikuwa ukinidunda nikisikia tu pikipiki yake inakata kona, tukaachana bila ugomvi, baadaye akaja Pei-shan na moyo ukadunda vile vile, nami miaka yote hii najiuliza upendo upi ulikuwa wa uongo. Kumbe hakuna! Wote wa kweli! Nilirudi nyumbani nacheka peke yangu, taa imewaka kijani mimi nimesimama tu katikati ya barabara nachekelea, watu wananipigia honi.

Nikamkuta mama anapara samaki, na furaha ikanizidi nguvu nikamwambia pale pale. Sasa unajua nyumbani sisi tunasema Kitaiwani, na neno lenyewe nimelijua kwa Kimandarini cha kitabuni, kwa lugha ya mama sijawahi kulisikia, basi nikamtamkia hivyo hivyo, neno linaloanza na "shuang".

"Shuang ipi?" akauliza. "Hii ya jozi?"

"Eeh, hiyo hiyo ya jozi. Yaani mimi ni wa pande mbili, mama."

Kisu kikawekwa chini. "Mbili?"

"Mbili."

"We mtoto! Na ulikuwa umekaa kimya tu? Wenzako wanahangaika kumpata mmoja!"

Nilidhani ananitania. Mama yangu kwake jozi ni heri tupu, zawadi ya harusi lazima iende mbili mbili, kitu kimoja kimoja ni cha msibani, sasa sikufikiri kwamba na mimi ameniingiza humo. Kesho yake akaenda hekaluni kwa Mzee wa Mwezi, yule mungu anayefunga wapenzi kwa uzi mwekundu, na haya nimesimuliwa na mama muuza maua wa mlangoni, anasimulia amejishika mbavu. Mama kapiga magoti, kataja jina langu, siku niliyozaliwa, mtaa na namba ya nyumba, kwa sauti yake ile ya sokoni, kisha kaomba nyuzi mbili.

"Una mabinti wawili, dada?" muuza maua kamuuliza.

"Mmoja."

"Sasa uzi wa pili wa nani?"

"Wa huyo huyo! Mwanangu ni wa jozi, kasoma kitabuni. Wa kike tunaye, tunamtafuta wa kiume."

Foleni nzima hoi. Karusha vile vibao viwili vya kumuuliza mungu, vyote vikalala chali, ndiyo kusema mungu anacheka. "Kacheka maana kafurahi," mama akawaambia watu, akarusha tena, kimoja kikalala chali na kingine kifudifudi, yaani mungu amekubali, na sasa nyuzi zote mbili ziko kwenye pochi yake, kila akipita ananikonyeza.

Na wa kiume kashampata, Shangazi. Kamwalika Cheng-han! Sikukuu ya Mwezi tutakuwa mbele ya nyumba tunachoma nyama, majirani wote nje, watoto wamevaa kofia zao za maganda ya balungi, na mama kapanga kumkalisha Pei-shan kushoto kwangu na Cheng-han kulia, kisha agawe nyuzi.

Hapo ndipo kicheko kinaponiishia. Pei-shan hajui. Siku moja alisema kuhusu Cheng-han, "Ah, yule ulikuwa unajikaza tu, ulikuwa hujajijua," nami nikacheka nikaacha ipite. Msichana aliyekuwa naye kabla yangu alimwacha akaenda kuolewa na mwanamume, na tangu hapo husema, "Hawa wa huku na huku mimi siwawezi, bora nikae peke yangu." Nampenda mpaka nikimwona anapiga mswaki nafurahi. Nimefikiria kumwambia mama nimepona, au nijifanye mgonjwa siku ya sikukuu, au nimpigie Cheng-han nimwambie tumehama. Nifanyeje nisimpoteze huyu mtu?

Ni mimi, Yi-chun

*

Yi-chun, kwanza toka kwenye hicho chumba, mteja wa watu haoni.

Barua yako imenimwagisha chai. Sasa nikuulize. Umesoma maandishi yale mpaka sauti ikakatika, umezuia magari barabarani kwa furaha, halafu mama yako ukampa neno moja la Kimandarini na hesabu? Ulitegemea nini? Jozi ameiona kwenye kadi za harusi na milango ya maharusi tangu akiwa mtoto, ukimtupia bila maelezo ataichukua kama anavyoijua. Mama hana kosa, mwenye kosa ni mfasiri.

Tena usinijie hapa kulalamika kwamba amekuaibisha. Naletewa barua na vijana ambao wazazi wao wakifika mbele ya mungu wanashusha sauti, jina la mtoto lisije likasikika. Wako amelitaja lako mpaka na namba ya nyumba, mbele ya foleni, kifua mbele kwa kujivunia wewe. Kwenye hesabu ndipo alipokosea. Mengine yote amepatia, na ningependa umshukuru kabla hujamsahihisha.

Kaa naye leo hii, akiwa hana kisu mkononi. Zungumza Kitaiwani, maneno ya jikoni tu, huhitaji neno la kitabu: "Mama, mimi naweza kumpenda mwanamume na naweza kumpenda mwanamke, na niliyempenda ni Pei-shan." Atakuuliza, "Na yule mwingine?" Mwambie hakuna mwingine. Atasikitika kidogo, si alishapanga viti. Uzi wa ziada aurudishe hekaluni na matunda mazuri, aseme kulitokea kutoelewana nyumbani. Mungu mwenyewe alianza kwa kucheka, nadhani alishajua.

Cheng-han aje. Kijana wa watu hajakosa kitu, na nyama itakuwepo. Ila mpigie simu umwambie anakuja kula, asije akatokea na suti kwenye moshi wa mkaa.

Halafu eti umwambie mama umepona. Umepona nini? Ulikuwa na homa? Nikilisikia neno hilo tena nitakuja mwenyewe hapo dukani, na miwani sinunui.

Sasa Pei-shan, na hapa sitanii. Anaogopa kuachwa, na aliyeachwa vile namwelewa akiogopa. Lakini amekosea mchawi. Mume wangu mimi alipenda wanawake peke yao tangu azaliwe, na hilo halikumzuia kuniacha, aliondoka na mmoja wao. Mtu wa kuondoka anaondoka, awe anapenda jinsia moja, mbili, au anapenda samaki wake tu wa kwenye tangi. Hilo unaweza kumwambia, na useme Shangazi kasema.

Ila na wewe kuna jambo unamfanyia, mwanangu, na si dogo. Alipokuambia kwamba kwa Cheng-han ulikuwa unajikaza, ukacheka. Tangu siku hiyo anaishi na Yi-chun uliyemtengeneza ili yeye asiogope, na wewe umekaa pembeni unamtazama huyo Yi-chun wa kutengeneza akipendwa. Hujachoka? Mimi nimechoka kwa kusoma tu.

Usingoje sikukuu, maana mama na pochi yake watakutangulia. Usimwandikie ujumbe wa simu. Wala usimsukumie kitabu ajisomee, atakisoma akitaka mwenyewe, na akitaka mpeleke na Jumamosi mkasome wote. Leo jioni mngoje nje ya bwawa akitoka kufundisha, nywele bado mbichi, umwambie kwa mdomo wako: "Cheng-han nilimpenda kweli. Wewe nakupenda kweli. Ndivyo nilivyo, na siendi kokote." Atauliza kwa nini ulikaa kimya. Usijitetee. Sema uliogopa atakuacha, kisha nyamaza umpe nafasi ya kukasirika, kwa sababu atakasirika, na ukianza kumbembeleza mapema utamnyima hiyo nafasi.

Anaweza kuondoka, Yi-chun. Nikikuahidi vingine nitakuwa nauza maneno. Lakini akibaki, huyo atakuwa amebaki na wewe mwenyewe, na hilo hujawahi kulipata.

Shangazi Kuei-hsiang