Daftari Lililogeuzwa

Jumatatu, 3 Machi

...na bado nasema hakuna mwanamume kama wangu, hata anapokoroma. Mume wangu. Naandika tena ili nilione neno lenyewe: mume wangu. Leo wiki ya tano. Asubuhi nimekuta karatasi chini ya kikombe: nimewahi ukumbini kufunga spika, nimekuacha umelala kama malaika, mdomo wazi. Mdomo wazi! Mjinga huyu. Nimeibusu karatasi. Mwandiko wake nitautambua kati ya miandiko elfu. Kile kistari cha t anakivuta mpaka kinafunika neno zima, kama paa. Najiona nakaa chini yake, sinyeshewi.

Kinachonitia kichefuchefu kiko upande wa pili wa kabati. Tunaishi kwa baba mkwe, vyumba viwili, na kabati limegeuzwa ukuta. Kila alfajiri anasali kwa sauti ya mkutano wa hadhara. Anakohoa, anatema kwenye leso, anaifungua, anaitazama vizuri, anaikunja, ndipo anaendelea na Mungu. Chai inanishinda.

Jumatano, 5 Machi

Kiwandani wametoa stoo majora ya kitambaa chekundu, kile cha bendera, vipande vingine vina nyota tayari. Kimekaa huko tangu Chama kilipoanguka, kinanuka dawa ya panya. Tunashona majoho ya kwaya. Meneja ni yule yule. Katuambia tushone kwa unyenyekevu, rangi hii ni damu ya Bwana. Zamani alisema ni damu ya wafanyakazi. Damu ile ile, imebadilishwa mwenyewe tu.

Majoho ishirini ni ya ushirika wa kanisa anaouongoza baba mkwe. Vidole vyangu vimekuwa vyekundu. Mpenzi wangu kavisugua kwa sabuni, kimoja kimoja. Nikasahau harufu.

Ijumaa, 7 Machi

Leo tumepanga zawadi za harusi kwenye rafu, mimi na wifi. Wifi tunamwita Redio kwa sababu hazimwi. Sufuria, blanketi, saa isiyotembea. Na kopo la chumvi la mama yangu. Chumvi tupu, kilo mbili, kopo limefungwa utepe. Redio akacheka mpaka akakaa chini.

"Wifi yangu, mama yako kaonja kaka yangu kamkuta hana ladha?"

Nami nikacheka. Lakini nakumbuka mama alivyolitoa. Hakunipa mimi. Alimpa mume wangu mkononi, akasema hili ni lako, baba. Mume wangu akalipokea kwa mikono miwili, kainamisha kichwa. Nikasema moyoni, aibu ya bwana harusi, jamani anapendeza.

Na baba mkwe siku ile alimpa mama mkono: nafurahi kukufahamu, mkwe mwenzangu. Mama akajibu, tunafahamiana kidogo. Baba mkwe akacheka ha-ha-ha, akageukia wageni wengine.

Jumapili, 9 Machi

Nimerudi kutoka ukumbini na mafuta kichwani. Kitambaa changu kipya kimeharibika.

Ukumbi ni ile klabu ya wafanyakazi ya zamani. Ijumaa Waislamu wanasali katika chumba cha maktaba, viatu vimepangwa mlangoni safi kuliko kambi. Jumamosi wenye matarumbeta. Jumapili asubuhi sisi, jioni wale wanaoanguka chini. Kila kundi lina spika, na kila spika anaifunga mume wangu, habagui. Hilo halinichukizi. Watu walikatazwa maji miaka mingi, waache wanywe popote. Ninachukizwa na anayeyagawa.

Baba mkwe alikuwa katibu wa tawi la Chama miaka kumi na minane. Yeye ndiye aliyekuwa akihutubia wafanyakazi kwamba mbinguni ni hewa. Redio husema: baba alituambia kule hakuna mtu, sasa yeye ndiye mwenye funguo. Na mkutano haujamtoka mwilini. Leo amepokea waumini wapya watatu, akauliza: wanaoafiki? Mikono juu. Wanaopinga? Hakuna. Wasio na upande? Hakuna. Limepita kwa kauli moja. Watu wakapiga makofi kwa mpigo, pa-pa-pa, kama zamani. Hakuna aliyecheka. Kisha akapita na chupa ya mafuta. Kiganja chake kina joto, kinateleza. Mate yake yakanifikia shavuni.

Nikamwaza mama. Alishona katika kiwanda hiki hiki, meza ya nne, akaishi katika jengo hili hili tunamokaa. Alisali peke yake, mlango kaufunga. Akachongewa. Akatolewa kwenye cherehani akapewa ufagio, kisha wakamnyang'anya chumba, akahamia mji mwingine. Mimi nilikuwa mdogo, nalelewa kwa bibi. Nikimuuliza nani alimchongea, husema zamani imepita, kula. Sasa kila mtu anasali kwa spika na mama haendi kokote. Anasali jikoni akisubiri maji yachemke.

Mwisho baba mkwe akatangaza: Jumapili ijayo atabariki ndoa yetu mbele ya wote. Eti tumefunga ndoa ya muhuri, ofisini, haitoshi. Enzi za Chama ofisi ilitosha. Mume wangu alikuwa anatazama viatu vyake.

Alhamisi, 13 Machi

Nitaandika kama ilivyokuwa.

Jioni baba mkwe aliniita. "Mkwe wangu, wewe una mwandiko wa shule. Nihamishie majina ya waumini kwenye daftari jipya, hili limejaa."

Daftari jeusi, gumu, pembe zimelika. Nikaketi nalo, nikisoma mwandiko wake kwa taabu. Fulani amehudhuria, fulani hakuhudhuria. Sawa. Kisha: fundi viatu, ameonekana Ijumaa akivua viatu mlango wa maktaba. Muuza magazeti, amehamia kwa wenye matarumbeta, afuatiliwe. Afuatiliwe!

Nikaona kurasa za mbele zimesimama kichwa chini. Nikaligeuza daftari. Ni la zamani, la tawi. Baba mkwe aliligeuza tu akaanzia nyuma — daftari zuri halitupwi, ndivyo asemavyo hata kuhusu sufuria iliyotoboka. Safu zile zile. Fulani hakuhudhuria mkutano. Fulani amekutwa na kitabu cha dini.

Na jina la mama yangu. Mshonaji, meza ya nne. Amesali chumbani, pazia limeshushwa. Amesikika mara tatu na kijana aliyetumwa kuomba chumvi.

Nilisoma mara tatu kabla ya kuuona mwandiko. Kistari cha t kinafunika neno zima.

Kama paa.

Ijumaa, 14 Machi

Nimetapika kiwandani, kando ya majoho. Redio kaja kunichukua, anasema mimba hiyo wifi, hongera. Si mimba. Asubuhi kulikuwa na karatasi chini ya kikombe. Sikuifungua.

Jumamosi, 15 Machi

Nimemuuliza. Alikuwa kavua shati, ana alama ya jua shingoni ninayoipenda. Naipenda hata leo, najichukia kwa hilo.

Hakukana. Alikuwa na miaka kumi na minne. Baba yake alisema ni hesabu ya wakazi wa jengo, kazi ya kijana mzalendo. Alitumwa na kikombe cha kuombea chumvi, arudi aseme alichosikia, aandike kwa sababu mwandiko wa baba haukusomeka. Mama alimjazia kikombe kila mara. Mara ya tatu alimpa na kipande cha mkate.

Nikauliza: ulijua ni mama yangu?

"Siku uliyonipeleka kwenu. Alifungua mlango, nikamjua. Naye alinitazama tu, akasema karibu, baba, umekua."

"Na ukanyamaza."

"Niliogopa utaondoka."

Nimelala upande wa ukuta. Yaani upande wa kabati. Baba mkwe alikuwa akikohoa.

Jumapili, 16 Machi

Nilikwenda. Joho jekundu nililoshona mwenyewe lilikuwa limemkaa baba mkwe mwilini, na penye mwanga mgongoni unaiona alama ya nyota iliyong'olewa. Akatuita mbele. Mume wangu alikuwa kwenye mitambo yake nyuma, hakuja. Mimi sikuinuka kitini.

Baba mkwe akatabasamu, bibi harusi ana haya. Akauliza: wanaoafiki ndoa hii ibarikiwe? Mikono mia. Wanaopinga?

Anauliza tu kwa mazoea. Miaka yote hakuna aliyenyoosha.

Nikanyoosha.

Redio kanishika goti, chini-chini: "Wifi, shusha, utatuua." Sikushusha. Baba mkwe akafungua mdomo kusema neno na spika zikakatika. Midomo inacheza, mate yanaruka, sauti hakuna. Nikageuka. Mume wangu alikuwa kasimama kando ya mitambo, waya mkononi. Sijui kama uling'oka au aliung'oa. Sijamuuliza. Nataka iwe aliung'oa.

Jumanne, 18 Machi

Baba mkwe hasemi nami. Redio kaniletea habari kabla ya chai: umeshaandikwa wifi, ukurasa wa kwanza wa daftari jipya. Kaandika mwenyewe, wala hausomeki.

Barua ya mama imefika. Mvua, goti lake, jirani kanunua mbuzi. Halafu chini kabisa: mwambie mumeo, chumvi ikimwishia, mlango wangu anaujua.

Nimemsomea. Amelishusha kopo kutoka rafuni, amekaa kitandani, analo mapajani, utepe bado umefungwa. Kiatu kimoja kakivaa, kingine bado. "Nikifika nitamwambia nini?" ameuliza, mara ya pili sasa. Hilo si swali langu. Karatasi ya Ijumaa bado iko chini ya kikombe, imekunjwa.

Yeye bado anawaza, mimi nimeshachukua kalamu. Mama, kabla mwezi haujaisha tunakuja, mimi na yeye. Bandika maji. Kikombe anakileta mwenyewe.