Mgonjwa wa Siku za Ukaguzi

Jumatatu, 8 Julai

Mvua. Tarumbeta kabatini, msimu wa harusi umekwisha. Lakini Ghanshyam hakosi kazi! Mkurugenzi Dubey wa chuo cha uuguzi amenipigia mwenyewe, si karani wake. Anataka wagonjwa arobaini kufikia Jumatano. Nikamwambia mji mzima huu ni mimi peke yangu ninayeweza kumpa wagonjwa arobaini wenye afya. Akacheka kwa shida.

Kesi ni ile ile. Chuo kikuu kimekataa kukiweka chuo chetu chini yake, kinasema hospitali yetu ni majengo matupu, wanafunzi hawana wa kumuuguza. Chuo kikashtaki. Wanavutana mahakamani miaka miwili sasa, na mitihani imesimama. Binti yangu Kalindi bado wa mwaka wa kwanza, wenzake wa kwingine wanakaribia kumaliza! Sasa jaji anamleta daktari wa kukagua. Akiridhika, watoto watafanya mtihani mwezi ujao. Asiporidhika — chuo kinafungwa.

Basi nitalala kitandani kama mgonjwa. Mtu aliyepiga tarumbeta mpaka mji wa Nagpur ashindwe kulala?

Jumanne, 9 Julai

Nimewagawia watu magonjwa pale pale sebuleni. Bendi yangu yote, wauza mboga, shemeji wawili. Lakhan mpiga ngoma amekataa kuhara, eti yeye mtu wa heshima. Nikampa mguu. Mimi figo, kama kawaida — figo ni ugonjwa wa mtu aliyetembea.

Kalindi akapita na chai. Nikamwuliza, mbona hufurahi, mtihani huo unakuja? Akasema chai inapoa.

Jumatano, 10 Julai

Mambo yameharibika.

Daktari wa jaji ni mama mfupi, Dokta Kulkarni, viatu vya mpira, mwavuli unachuruzika. Lakhan alisahau ni mguu upi. Mama akampita tu. Kwangu akasimama. Za figo hakuniuliza! Nilikuwa nimejiandaa vizuri. Akamwambia mwanafunzi aliye karibu anipime presha.

Aliye karibu alikuwa Kalindi.

Nilimwona mwanangu akinizungushia kile kitambaa mkononi kama anayefunga mzigo. Kikalegea. Akasikiliza, huku macho yako kwa mwalimu wake. Akaandika mia na ishirini kwa themanini.

Dokta akanipima mwenyewe. Akarudia. Akaniuliza kama kichwa huniuma asubuhi. Huniuma, mwaka mzima — nilidhani ni tarumbeta. Akasema ni karibu mia mbili, na kwamba sitakiwi hata kupanda ngazi. Kisha akamgeukia Kalindi, taratibu tu: "Binti, hiyo yako umeipata wapi?"

"Ndiyo tunayoandika siku zote, Daktari. Hapa hakuna anayeumwa."

Lakhan akakohoa, na kikohozi si ugonjwa wake.

Jina langu limeandikwa. Jumatatu natakiwa mahakamani, nieleze nilifikaje kwenye kitanda kile.

Alhamisi, 11 Julai

Dubey kaja na boksi la laddu, vitamutamu vya sherehe. Kakaa kwenye kiti changu. Anasema nishikilie figo tu, basi, mtoto atafanya mtihani. Nikisema mengine, wasichana wote barabarani. Nikauliza, jaji hawezi kuwahamishia chuo kingine? Anaweza, akasema, na anaweza asiwahamishe.

"Na sasa una presha ya kweli, kaka Ghanshyam. Uongo wenyewe umepungua!"

Nikacheka. Mimi hucheka, ndio ubaya wangu. Alipoondoka nikawapa majirani laddu zote. Zilikuwa nzuri, wanasema.

Jumamosi, 13 Julai

Vidonge vinanitia kizunguzungu. Kichwa hakiumi. Mwaka mzima, na mwuguzi namlea ndani ya nyumba!

Nimemwuliza Kalindi anataka nini hasa. Akawaka.

"Nataka mgonjwa, Baba. Mmoja tu wa kweli. Nikifaulu huo mtihani, niende nikawaandikie watu mia na ishirini mpaka wafe?"

Kisha akalia, akasema mtihani nao anautaka. Sasa baba afanyeje? Dubey namkasirikia. Chuo kikuu nakikasirikia, miaka miwili kinaandikiana barua na mawakili, na watoto wanazeeka. Na huyu mjinga aliyevijaza vitanda mpaka mgonjwa wa kweli akakosa pa kulala — naye simpendi leo.

Jumatatu, 15 Julai

Mahakamani, benchi la nje. Nilipanda ngazi polepole, Kalindi nyuma yangu kama askari. Wasichana wenzake wamejipanga ukutani, sare safi. Wakili wa chuo kaninunulia chai, kaninong'oneza: figo. Chai sijainywa. Nilimwambia ninayo maneno yangu. Nimejisifu tu, maneno yenyewe bado sina. Mimi! Niliyemsemesha gavana harusini!

Naandika kwa mkono wa kulia. Wa kushoto kaushika Kalindi, vidole juu ya kifundo, macho kwenye saa yangu, midomo inahesabu mapigo. Sikumwomba. Hamtazami mwalimu wake, na mwalimu yuko pale pale mbele.

Karani katoka. Kaita jina langu. Kaita tena. Wakili ananionyesha mlango.

Nimetaka kuinuka. Kalindi hajaachia.

"Ngoja, Baba. Sijamaliza."