Machozi ya Fidelino Hewani

Marivic, hutaamini! Fidelino, yule mwigizaji wetu wa kulialia kwenye tamthilia, sasa mtangazaji wa kipindi cha asubuhi, ametuaibisha hewani leo.

Mgeni alikuwa Aling Pacing, muuza samaki wa Navotas, kaja kumtafuta mwanawe aliyepotea. Hajafungua mdomo, Fidelino kaangua kilio!

Mama wa watu kamwambia, "Mwanangu, bado sijaanza."

BADO SIJAANZA! Nchi nzima inatazama!

Unadhani alinyamaza? Kazidisha! Mama akabaki kumbembeleza, "Basi, baba, basi," mpaka kipindi kikaisha. Jina la mtoto halikutajwa.

Bosi anachekelea, eti watazamaji wameongezeka. Fidelino kaongezewa mkataba papo hapo.

Nimeacha poda na brashi zangu za kuwapamba watangazaji, nikamkimbilia mama getini. Nikamuuliza mwanawe anaitwa nani.

Hapo ndipo yeye alipolia.