Usomaji Umehamia kwa Devaki Amma

Cherpulassery, 4 Mei

Mdogo wangu Pavithran,

Hamjambo huko Pune? Joto limepungua au bado mnachemka? Mke wako mzima, na mwanao bado anakataa samaki? Mimi sijambo, ila magoti yananung'unika, na ng'ombe wa jirani, Devaki Amma, ameingia tena kwenye kunde zangu. Mwenyewe anasema ng'ombe wake hali kunde. Basi labda nilizila mimi.

Nina haja, na naona haya kuisema. Macho yamenigomea. Daktari anasema lipo doa katikati ya jicho na halina dawa, ila herufi zikikuzwa nitaendelea kusoma. Hata barua hii naisema tu, simu inaandika. Hapa mtaani hakuna anayejua. Mwalimu mstaafu, aliyewafundisha kusoma nusu ya watu wa njia hii, asubuhi anashika gazeti na kujifanya anasoma.

Karkidakam, mwezi wetu wa mvua na ibada, inakaribia. Tangu mama afariki ni mimi ninayesoma Kitabu kitakatifu, kila jioni mwezi mzima, mbele ya taa yake ya shaba, na wanawake wa jirani wamekaa barazani kwetu. Nikishindwa mwaka huu, usomaji utatoka nyumbani kwa mama, na ukishatoka haurudi.

Nasikia kuna vifaa vya kusomea vitabu. Nichagulie kimoja. Sitaki kusomea kwenye simu; mwanga wake unanichoma, na katikati ya beti atapiga mtu wa kuuza bima. Kiwe chepesi, umeme ukikatika siku mbili kisizimike, na herufi zikue. Wewe ndiye mjuzi wa mambo hayo.

Na uniandikie kwa herufi zetu basi. Lugha yetu kwa herufi za Kiingereza ni sawa na bwana harusi aliyevaa msuli na tai.

Dada yako,
Chechi

*

Pune, 22 Mei

Chechi,

Shikamoo. Sisi wazima. Mtoto bado hali samaki, anasema wanamtazama. Pole kwa macho, na pole kwa kunde.

Nimechelewa kujibu kwa sababu ya kifaa chako. Ofisini kwetu kuna kundi la walevi wa vitabu, watu wanaosoma wakila, wakisubiri lifti, hata kwenye mikutano. Nilipouliza tu "nimnunulie dada yangu kipi?" kazi ikasimama. Bwana Kulkarni akasema kwanza mwanga, uwe wa manjano usiku. Farida akasema, "Mwanga nini, mvua! Huko Kerala kitu kisichozuia maji ni cha kutupa." Wakabishana hadi chai ikapoa. Mimi nikaandika kila kitu.

Nimepata kizuri kuliko vyote. Hakichomi macho, kinaonekana kama karatasi. Kinakaa wiki nyingi bila chaji, hakiogopi maji, na ni chepesi kuliko kitabu chochote. Kitabu nimeshakiweka ndani, wewe ni kuwasha tu.

Sasa lile buku la mama, mpe mtu. Mchwa wanalila na wewe hulioni tena.

Herufi za Kiingereza nisamehe, ndizo zilizo rahisi kwenye simu.

Mdogo wako,
Pavithran

*

Cherpulassery, 20 Juni

Mdogo wangu,

Wazima? Mvua imeanza kwa vishindo, kisima kimejaa, mimi sijambo.

Kifaa kimefika. Ni chepesi kweli, na ganda lake la ngozi linanukia vizuri. Nimekiwasha, mwanga wake haukunichoma hata kidogo. Umehangaika sana kwa ajili yangu na nimeona. Nimewaonyesha wanawake wa jirani. Devaki Amma alikigeuza nyuma na mbele akaniuliza kwa jina langu, "Sumangala, hiki kinasoma chenyewe au utakisomea?" Nikamjibu kuwa mdogo wangu alikichagua kati ya vyote vilivyoko India. Akakirudisha polepole kwenye ganda lake.

Buku la mama nilikuwa nimeshampa yeye, kama ulivyosema. Alilipokea kwa mikono miwili akaligusisha kwenye paji la uso.

Dada yako,
Chechi

*

Pune, 2 Julai

Chechi,

Shikamoo. Sisi wazima. Umenifurahisha mno. Barua yako niliwasimulia ofisini, nao wakapiga makofi, Farida akadai sifa ya maji ni yake. Sasa kila mmoja anauliza dada wa Kerala anasoma nini. Umeshaanza Kitabu? Herufi zinakua?

Mdogo wako

*

Cherpulassery, 22 Julai

Mdogo wangu,

Salamu nyingi. Mimi mzima, nywele hazikauki kwa unyevu huu.

Karkidakam imeingia. Herufi zinakua, ndiyo, kubwa kama unavyotaka. Nimekiweka kifaa kwenye kibao cha Kitabu, taa mbele yake, na wanawake wote wamejaa. Rema, mkwe wa Devaki Amma, anakuja na mtoto mgongoni. Nasoma kila jioni na hakuna aliyelalamika. Wasalimie wa ofisini.

Chechi

*

Pune, 24 Julai

Chechi, shikamoo. Nimejivuna leo hadi mke wangu amenifukuza jikoni. Nitakupigia Jumapili.

Mdogo wako

*

Cherpulassery, 20 Agosti

Pavithran,

Natumaini mko salama. Jumapili zote hukupiga, nami nilishukuru, maana kwa sauti yangu ungelijua.

Mwezi umekwisha, na sasa nakwambia. Kile kifaa hakiijui lugha yetu. Tangu siku ya kwanza herufi zake zilikuwa zimevunjika. Mkia wa herufi hii umeangukia ile, zile za kushikana zimeachana, mahali pengine ni visanduku vitupu. Nilizikuza nikidhani ni macho yangu. Zikawa magofu makubwa tu.

Sikuweza kukwambia. Ulifurahi, na mimi nilishajigamba kwa wanawake. Basi nikakaa mbele ya taa, nikapitisha kidole kwenye kioo, nikakariri. Miaka yote hiyo nimekisoma, nikasema kitanitoka tu. Jioni ya tisa kilinikatikia. Katika hadithi nilikuwa msituni na wale ndugu wawili, mara nikajikuta nimerudia beti za juzi. Devaki Amma akasema, wala si kwa ubaya, "Sumangala, hapo tulishapita." Nikageuza ukurasa. Nikarudia zilezile.

Rema alisimama akaenda kwao kwenye mvua, akarudi na buku la mama ndani ya mfuko wa plastiki. Akaketi mahali pangu akasoma. Anasoma vizuri, nilimfundisha mimi. Kesho yake Devaki Amma akaona buku lisiloweshwe kila siku kwenda na kurudi. Usomaji umehamia kwao. Nami nilikuwa nakwenda, nakaa karibu na mlango pamoja na wenye watoto wachanga.

Sikulaumu. Nataka kuuliza jambo moja tu. Kabla hujakituma, ulifungua ukurasa ukautazama?

Chechi

*

Pune, 2 Septemba

Chechi,

Nimeshindwa kuanza na salamu, unisamehe.

Niliufungua. Niliutazama vizuri, kwa muda mrefu. Niliuona mzuri.

Ofisini sote tunasoma Kiingereza, na hakuna aliyeniuliza dada yako anasoma lugha gani. Hata mimi sikujiuliza. Lakini sitaki kujificha nyuma yao. Ukurasa ulikuwa mbele yangu, umevunjika, na sikuuona, kwa sababu siku hizi herufi zetu nikizitazama naona mapambo tu. Barua zako zote simu ndiyo inayonisomea. Nakuandikia kwa herufi za Kiingereza kwa kuwa zile nyingine sina tena.

Sikukuu ya Onam siji. Sina uso wa kupita mbele ya nyumba ya Devaki Amma.

Pavithran

*

Cherpulassery, 1 Oktoba

Mdogo wangu,

Hamjambo? Onam ilipita. Nilipika chakula cha sikukuu, kile cha kuliwa juu ya jani la mgomba, kwa watu wanne nikala peke yangu, mengine nikampa yule ng'ombe.

Sikukujibu mwezi mzima kwa sababu nilikuwa na haya kuliko wewe. Ualimu wangu wote niliwafundisha watoto wa watu, na wa tumbo la mama yangu akasahau, nami sikujua. Kumbe muda wote huu simu yangu ndiyo iliyokuwa inazungumza na simu yako. Nilicheka peke yangu kama mwehu, kisha nikalia, na Devaki Amma akanikuta. Nikamweleza yote, macho na kifaa. Akasema, "Macho yako tulishayajua. Gazeti ulikuwa unalishika juu chini."

Sasa sikiliza. Tarehe kumi na tatu ni Vijayadashami, siku ya watoto kuandika herufi ya kwanza kwa kidole kwenye mchele. Maktaba wameniomba tena niwaanzishe watoto kuandika. Mchele ninao, sinia ni lile lile nilimokushikia kidole ukiwa na miaka mitatu, ukalia ukataka pipi. Njoo ukae kwenye mstari. Utakuwa kati ya mtoto wa Rema na mapacha wa fundi cherehani, na watu watakucheka, Devaki Amma wa kwanza. Wacheke. Mimi nilikaa mlangoni mwezi mzima na sikufa.

Kifaa rudi nacho Pune, mtoto asome Kiingereza chake.

Dada yako,
Chechi

*

Pune, 7 Oktoba

Chechi,

Shikamoo. Hii imekuja kwa posta kwa sababu nimeiandika kwa mkono, kwa herufi zetu, kubwa kama za ubaoni ili uzione. Zimejaza kurasa sita na kunimalizia wino. Mwanangu alikaa pembeni akaniuliza nachora nini.

Nakuja, na yeye nakuja naye, tuwekee nafasi mbili kwenye mstari. Karkidakam ijayo, kama Rema atatuazima buku, nitasoma mimi mbele ya taa ya mama, hata kama ni beti moja kwa jioni nzima.

Makosa ukiyaona humu, yataje yote. Usinifiche kama ulivyonificha ubovu wa kile kioo.

Mdogo wako